Mwanamke wa Ndani ya Kaseti

Kaseti ya saba ilifika Voi siku ya Alhamisi, imeviringishwa kwenye kipande cha kanga na kutiwa ndani ya mfuko wa sukari. Makanga wa basi la Taveta aliileta mwenyewe mpaka Kaloleni, barazani kwa Mwanamina, ambaye alikuwa ameinamia cherehani akishona sare za shule.

"Mama Nuha, mzigo wako huo, kutoka kwa Sheikhan," akasema, akageuka kulikimbilia basi lake.

Mwanamina aliukata uzi kwa meno, akaiweka kaseti mapajani bila kuifungua. Alipenda kuikawiza kidogo, kama mtu anayeacha chai ipoe. Mume wake, Fawaz, alikwenda Maskati mwaka wa tisini na nne kuendesha lori la maji, akamwacha na mtoto wa miezi minne na mama mkwe wa kumtazama. Barua Fawaz hakuziweza. Alisema kalamu humfanya aonekane mjinga. Simu ya posta ilikuwa ya kutangazia misiba. Basi akawa anazungumza kwenye kaseti, nusu saa, dakika arobaini, na Mwanamina akamjibu kwa kaseti nyingine, na hivyo ndivyo walivyokuwa mke na mume kwa karibu miaka mitatu.

Njia ya kaseti hizo ilikuwa ya ajabu kidogo. Baharia mmoja, shemeji yake Sheikhan, alizileta Mombasa. Pale zilipandishwa lori lililopeleka bidhaa kwenye duka la Sheikhan mjini Taveta. Lori lilipita Voi usoni pa Mwanamina bila kusimama, likaenda zake, kisha Sheikhan akaifungua mizigo yake, akaitoa kaseti na kuirudisha Voi kwa basi. Sheikhan alikuwa rafiki wa Fawaz tangu chuoni walipokuwa wakisoma juzuu. Hakuna aliyewahi kuiuliza njia hiyo swali lolote.

Jioni hiyo, baada ya swala ya alasiri, walikaa mkekani watatu: Mwanamina, mtoto wake Nuha, na Bi Ruweida, mama yake Fawaz, mwenye kisukari na masikio yaliyoanza kuchoka. Redio kaseti iliwekwa katikati kama sinia.

Fawaz alisalimia. Akaeleza joto. Akaeleza kuhusu mwenzake wa chumbani anayekoroma kama jenereta. Akauliza, "Na Nuha je, bado anakula udongo?"

Nuha, aliyekuwa ametimiza miaka mitatu na hakuwa amegusa udongo muda mrefu, alimtazama mama yake kwa hasira. "Mimi sili."

"Baba hajui, mwanangu," Mwanamina akamwambia. "Huko aliko, wewe hujakua."

Mwisho Fawaz akamwombea mama yake afya, akaaga. Kaseti ikabaki inazunguka, maana Fawaz alikuwa na tabia ya kunyamaza na kuiacha mashine iende mpaka upande uishe. Bi Ruweida akajikongoja kwenda kutia maji kwenye birika. Mwanamina angeizima redio, lakini Nuha alikuwa amemlalia mkono. Ndiyo maana akasikia.

Ndani ya ule mvumo mtupu, mbali, kama mtu anayesemea upande wa pili wa ukuta, kulikuwa na mwanamke.

"...nakungojea..."

Kisha kimya. Kisha mtoto mdogo akacheka, mtoto asiyejua kusema bado. Kisha yule mwanamke tena, sauti nyembamba ya kisichana: "...baba... njoo..." Na nyuma yao wote, kwa mbali zaidi, honi ndefu.

Mwanamina aliutoa mkono wake taratibu chini ya kichwa cha Nuha. Akairudisha kaseti nyuma, akasikiliza tena. Akairudisha tena.

"Mama," akaita. "Hebu njoo usikilize."

Bi Ruweida alirudi na birika mkononi. "Nisikilize nini? Si kishaaga?"

"Kuna mwanamke."

"Wapi?"

"Humu. Nyuma ya Fawaz."

Bi Ruweida aliinama, akaweka sikio karibu na redio, akakaa hivyo kidogo. "Mie nasikia upepo tu, mwanangu. Na wewe usiyape masikio kazi yasiyotumwa." Akainuka, akaenda zake kutawadha.

Kainuka upesi, Mwanamina alijiambia. Bi Ruweida, ambaye kuinuka kwake mkekani humchukua bismillahi tatu, kainuka upesi.

Tangu siku hiyo hakuwa na amani. Kila mchana Nuha akilala, aliitoa redio kabatini, akalilaza sikio lake juu ya spika mpaka vitundu vikamwachia alama shavuni. Betri zilipochoka alizianika juani ukutani zipate nguvu ya nusu saa nyingine. Akazitoa na zile kaseti sita za kwanza, ambazo alizihifadhi kwenye bati la biskuti pamoja na karafuu, akazisikiliza upya moja moja. Mwanamke hakuwamo. Lakini alisikia mengine ambayo hakuwahi kuyasikia. Kikombe kilichowekwa mezani. Mlango. Katika kaseti ya tatu Fawaz alisema, "Nimekukumbuka, Mina," akanyamaza kidogo, akacheka. Zamani Mwanamina alikuwa akipapenda pale kuliko pote. Sasa aliparudia mara kumi, na kila mara alimwona mwanamume aliyenyamaza ili amtazame mtu aliyemo chumbani, mtu aliyemfanyia ishara asicheke.

Siku ya Jumapili alimwita jirani yake Wakesho, mwalimu wa nasari, mwenyeji wa Wusi, ambaye walikuwa wamezoeana kwa kuazimana chumvi na pasi. Hakumwambia asikilize nini. Alimkalisha tu, akaiwasha.

Wakesho alikunja uso. "Kuna mtu," akasema hatimaye. "Ni msichana. Anangoja mtu."

Mwanamina mpaka hapo alikuwa bado na tumaini kwamba ni masikio yake. "Ni Mwarabu?"

"Mwarabu gani? Dada, huyu anaongea Kiswahili. Tena kile chenu, cha pwani."

"Na ile honi?"

Wakesho alirudisha nyuma mwenyewe, akasikiliza macho yakiwa yamefumbwa. "Hiyo ni treni."

Walitazamana.

"Maskati kuna treni?" Mwanamina akauliza.

"Mimi Maskati sikujui. Lakini treni ya kwetu naijua, inaniamshia watoto darasani kila siku. Hiyo ni ya kwetu."

Wakesho alijuta papo hapo kwa kusema hivyo, akaanza kueleza kwamba pengine treni zote hulia namna moja. Lakini neno lilikuwa limeshatoka. Mwanamina alipobaki peke yake alilipanga jambo kama apangavyo vipande vya nguo kabla ya kushona, na kila kipande kiliingia mahali pake. Mwanamke wa Kiswahili. Mtoto mdogo. Reli. Na kaseti ambazo siku zote, kwa sababu ambazo ghafla zilionekana za kitoto, zilitoka Taveta. Tangu lini mzigo wa Maskati ukatoka Taveta? Reli ya Taveta si inapita huko huko? Na Sheikhan si ana shamba la nyanya kule Mata, karibu na mpaka, mahali ambapo mtu anaweza kukaa miaka kumi akitaka, na siku akitafutwa akavuka tu? Akakumbuka kwamba Idi iliyopita Sheikhan alipita kuwaamkia, akakataa hata kuketi.

Jumamosi iliyofuata alimwambia Bi Ruweida anakwenda Taveta sokoni, kuangalia vitambaa.

"Vitambaa vya sare, Taveta?"

"Kuna vinavyovuka kutoka Tanzania, mama."

Bi Ruweida alimtazama muda mrefu. "Haya. Mwenyezi Mungu akufikishe," akasema, na Mwanamina hata dua hiyo aliitilia shaka.

Basi la asubuhi lilipita Mraru, likapita Mwatate, na kila lilipokutana na reli Mwanamina aliufuata ule mstari wa chuma kwa macho mpaka upotee kwenye mikonge. Dukani Taveta aliambiwa Sheikhan yuko shambani. Alifika Mata saa saba za mchana, jua likiwa utosini, akaonyeshwa nyumba ya mabati yenye ua wa makuti.

Kitu cha kwanza alichokiona kilikuwa shati. Lilikuwa kwenye kamba ya nguo, la buluu, na kola yake ilikuwa na mshono wa mara mbili ambao fundi mmoja tu katika dunia nzima huushona hivyo, na fundi huyo alikuwa yeye.

Mwanamke mchanga alitoka mlangoni, mtoto kiunoni. "Karibu, dada," akasema. Sauti yake ilikuwa nyembamba.

Mwanamina alimpita mlangoni, akaingia na viatu vyake. Alifunua pazia la chumba cha kwanza, akafunua la pili. Aliinama akatazama mvunguni mwa kitanda, akaona beseni na kiatu kimoja. Aliposimama alimkuta yule mwanamke nyuma yake, hajapiga kelele, mtoto amemshika shingo.

"Fawaz yuko wapi?"

"Fawaz gani?"

"Mume wangu! Yuko wapi?"

Sheikhan alifika mbio kutoka kwenye nyanya, mikono imejaa udongo. Alimtazama Mwanamina, akamtazama mkewe, akayatazama mapazia yaliyokuwa yamefunuliwa. Ilimchukua muda kuelewa, na alipoelewa uso wake ulibadilika rangi.

"Shemeji, umekuja kumtafuta Fawaz kitandani kwangu?"

"Shati lake liko kambani kwako."

"Alinivua langu akanipa lake siku tuliyoagana Mombasa. Tulifanya kama watoto. Hakukwambia?"

"Na kaseti? Mbona zatoka huku?"

"Kwa sababu lori langu laja huku!" Sheikhan alipandisha sauti, kisha akaishusha kwa ajili ya mtoto. "Miaka mitatu mie ndiye posta yenu, bila hata stempu. Sikutaka shukrani. Lakini hili, shemeji, hili tafuta posta nyingine. Kaseti yako na ya mumeo zisipite tena mlangoni kwangu."

Mkewe Sheikhan hakuwa mtu wa maneno mengi. Alisema jambo moja tu Mwanamina alipokuwa akitoka. "Umefunua pazia la chumba changu, mwenzangu. Je, umemwona?"

Njiani kurudi Mwanamina aliona haya mpaka karibu na Maktau. Kuanzia Maktau, ule mtikisiko wa basi ulimrudishia shaka yake. Mtu asiyeficha kitu hawi mkali namna ile. Na hiyo habari ya kubadilishana mashati, nani aliisikia? Alipofika Voi alikuwa amejishawishi kwamba Fawaz kweli hakuwa Mata, lakini kwamba Sheikhan alijua aliko.

Ni Wakesho aliyemtaja Danson. "Badala ya kuzunguka nchi nzima, si upeleke hiyo kaseti kwa fundi? Yeye ana njia ya kuitoa hiyo sauti."

Danson alikuwa Mtaita mwembamba, muumini wa kanisa, aliyekuwa na kibanda karibu na soko la Voi, kimejaa redio zilizofunguliwa matumbo. Aliposikia haja ya Mwanamina hakushangaa wala hakutabasamu.

"Wacha hapa mama, uje kesho uchukue."

"Siiachi."

"Sawa. Basi kalia hiyo stuli."

Alivaa visikilizio masikioni, akaitia kaseti kwenye mashine kubwa ya zamani. Alisikiliza, akarudisha, akasikiliza. Akapiga ulimi kwenye meno, *ntsk*, kama daktari wa meno.

"Hii imerekodiwa juu ya ingine," akasema.

"Maana yake?"

"Mashine iko na kichwa mbili. Moja inafuta, moja inaandika. Hiyo ya kufuta ikichoka, ile maneno ya zamani haitoki yote. Inabaki chini. Umeona ubao ya shule yenye haijapanguswa vizuri? Mwalimu anaandika hesabu, lakini bado unaona historia ya jana."

Mwanamina alilitafuna neno hilo. "Kwa hivyo mwanamke huyu hakuwa chumbani na mume wangu."

"Hapana. Alikuwa kwa kaseti kabla ya bwana yako."

Nafuu ilimjia, ikamwondokea kabla hajaimeza. Kama hakuwa chumbani, basi alikuwa kwenye kaseti, na kaseti ilikuwa ya Fawaz. Kuna mwanamke aliyekaa akamrekodia mume wake maneno ya kumngoja. Hilo lilikuwa bora kuliko lile la kwanza?

"Nataka nisikie maneno yake yote," akasema.

"Ngoja basi. Sauti yake iko juu sana. Nafikiri mwenye alimrekodi, betri ilikuwa imeanza kuisha. Ikicheza kwa mashine nzuri inakimbia." Alichukua bisibisi ndogo, akaiingiza kwenye tundu nyuma ya mashine, akazungusha skrubu kidogo kidogo. Masikioni mwake sauti ya Fawaz iliyokuwa ikiaga ilizama, ikawa nzito na ya polepole kama ya ng'ombe. Kisha ikaisha, ukabaki mvumo, na ndani ya mvumo mwanamke akaanza kusema. Safari hii hakuwa msichana. Alikuwa mtu mzima.

Danson alisikiliza kwa muda. Halafu akavua visikilizio, akaviweka mezani kwa uangalifu. Alimtazama Mwanamina kwa mara ya kwanza tangu aingie.

"Mama, naomba ufanye kitu. Ongea hapa." Alitia kaseti nyingine, akamsogezea maikrofoni ndogo iliyofungwa kwa plasta. "Sema, 'Nakungojea.'"

"Nimwambie nani?"

"Usimwambie mtu. Sema tu."

Mwanamina alidhani anafanyiwa mzaha, karibu achukue kaseti yake aondoke. Lakini uso wa Danson haukuwa na mzaha. "Nakungojea," akasema kwa hasira.

Danson alirudisha, akabonyeza. Kutoka kwenye spika ukatoka mlio wa mwanamke wa pwani, mkavu kidogo, wa puani kidogo, ambaye Mwanamina hakumjua. Kisha Danson akarudisha kaseti ya Fawaz mahali pake, akaifungulia sauti yote.

*Nakungojea, baba Nuha... na Nuha naye yuko hapa, sema baba, sema, njoo... haya, amecheka, umemsikia?... ngoja hii treni ipite...*

"Siye mimi," Mwanamina alisema.

"Watu wote husema hivyo."

"Mie siongei puani."

"Mama, sisi sote sauti yetu tunaisikia kwa mifupa. Wengine ndio wanaijua. Mimi nimekusikia tangu uingie hapa, na huyu ni wewe."

Alikuwa bado anakataa kwa kichwa wakati Danson aliposhika ncha ya karatasi nyeupe iliyobandikwa juu ya kaseti, ile iliyoandikwa na Fawaz kwa herufi kubwa KWA MAMA NUHA. Aliiloweka kwa kidole chenye mate, akaibandua polepole. Chini yake kulikuwa na karatasi nyingine, ya rangi ya maziwa, iliyokatwa kwenye daftari la vipimo vya nguo. Juu yake, kwa wino wa buluu: *Kwa Baba Nuha, Mfungo Tatu.* Sauti yake Mwanamina aliweza kuikana. Mwandiko wake hakuweza.

Hakuwahi kujisikiliza hata mara moja. Kila alipomaliza kumzungumzia Fawaz alikuwa akiichomoa kaseti na kuifunga mara moja, kwa haya, kama mtu anayetoka kuoga. Sasa ile siku ya Mfungo Tatu, mwezi wa Hija, ikamrudia: Nuha wa mwaka mmoja na miezi kadhaa, ameketi juu ya mkeka, anachekea kitufe cha redio, na treni ya mchana inayopita nyuma ya Kaloleni.

Alicheka. Alicheka mpaka akashika meza, na Danson naye akacheka kidogo kwa adabu. Alikuwa amekwenda Mata kumtafuta mwanamke huyu. Alimtafuta mvunguni mwa kitanda cha watu.

Kisha kicheko kikakauka.

"Yaani alinifuta," akasema.

Danson alianza kuzirudisha skrubu zake. "Labda hakukuwa na kaseti ingine, mama."

Mwanamina alikuwa akilifikiria bati la biskuti, na zile karafuu, na kaseti saba zilizopangwa kwa tarehe. Alikuwa akijiuliza, kati ya kaseti zake yeye, ni ngapi zilizobaki huko zikiwa nzima, na ni ngapi zilizokwisha geuzwa za kurekodia muziki wa watu.

Jambo la kwanza alilofanya ni kurudi Taveta kuomba radhi. Hakutaja vitambaa. Mkewe Sheikhan alimpokea, akampa maji, akamsikiliza mpaka mwisho, na alipofika kwenye ile habari ya maikrofoni alijiziba mdomo kwa mtandio asicheke. "Yamekwisha, dada," alisema. Lakini Sheikhan hakulegea. Alisimama mlangoni muda wote, na wakati wa kuagana alimpa kipande cha karatasi.

"Hii ni namba ya simu na anwani ya ofisi ya kule anakofanya kazi. Jumamosi asubuhi huwa wanawaita madereva kwenye simu. Muulize mwenyewe, kwa mdomo. Msinitie mimi katikati tena."

Jumamosi alikuwa posta ya Voi kabla mlango haujafunguliwa. Elsie, karani wa simu, alichukua namba, akaomba laini, akangoja, akaomba tena. Baada ya nusu saa alimwonyesha kibanda cha tatu. "Zungumza, mama. Yuko."

"Fawaz?"

Kimya. Kisha, kutoka mbali, na kwa kuchelewa, "Mina? Nani amekufa? Ni mama?"

"Hakuna aliyekufa. Mama mzima, Nuha mzima."

"...ni mama?"

"Hapana! Wote wazima!"

Walikanyagana maneno hivyo mpaka Mwanamina akagundua kwamba kila neno lake linachukua muda kufika, na la kwake Fawaz vile vile, na kwamba lazima amwache amalize. Sauti haikuwa ya kaseti wala haikuwa ile aliyoizoea chumbani. Ingeweza kuwa ya mtu yeyote anayemwiga Fawaz.

Alimwambia kwa kifupi. Kwamba amesikia mwanamke kwenye kaseti, na kwamba mwanamke huyo ni yeye mwenyewe. Fawaz alicheka, kwa kuchelewa.

"Mbona ulinifuta, baba Nuha?"

Ngoja. Ngoja. "Mina, sisi tuko jangwani. Mjini twaenda mara moja kwa miezi. Sikuwa na kaseti tupu, na nilitaka kukusemesha. Na ile yako nilikwisha isikiliza mpaka nikaihifadhi yote kwa moyo. Walahi."

Maneno mazuri. Mwanamina aliyaacha yamfikie yote. Alitaka sana yawe ya kweli, na kwa sababu alitaka sana, akauliza.

"Hebu niambie basi. Nilisema nini?"

Akangoja.

Mle ndani ya simu mlikuwa na mvumo, ule ule wa kaseti iliyoachwa ikizunguka. Kupitia kioo alimwona Elsie akiandika kitu kitabuni, akageuza ukurasa. Je, ni swali linalosafiri bado? Ni jibu linalokuja? Au ni mwanamume aliyesimama mahali fulani penye joto, ameshika simu kwa mikono miwili, anatafuta kichwani na haoni kitu?

"...ulisema Nuha..." ikasema sauti, na laini ikakatika.

Elsie alifungua mlango wa kibanda. "Imekatika, mama. Nikuunganishie tena? Alikuwa bado anaongea."

Mwanamina aliushika mkono wa simu kifuani. Kila baba angesema Nuha. Lakini na yeye kwenye kaseti ile kweli alisema Nuha.

"Wacha," akasema. "Imetosha."

Nyumbani Bi Ruweida alikuwa mlangoni anangoja. "Kasemaje mwanangu?"

"Mzima. Akusalimu sana."

"Na wewe? Una nini?"

"Sina kitu, mama."

Bi Ruweida alimwangalia, akasogea akampisha apite. "Mwanangu," akamwambia nyuma yake, "mie siku ile nilisikia. Nilisikia kitu kama mtu. Nikaona nikinyamaza kitapita." Mwanamina aligeuka, lakini mkwewe alikuwa keshaushika ukuta, anaelekea jikoni.

Ilipita karibu wiki tatu kabla Mwanamina hajaketi tena mbele ya redio. Alinunua betri mpya na kaseti mpya, ikiwa bado kwenye nailoni yake. Alimweka Nuha karibu, akamwambia amweleze baba kwamba hali udongo. Akazungumza habari za nyumbani, za mvua ya Wusi iliyokatiza Voi bila kunyesha, za mguu wa mama. Alisimulia na safari ya Mata, yote, bila kujipunguzia aibu. Safari hii alipomaliza alirudisha nyuma akajisikiliza tangu mwanzo hadi mwisho. Yule mwanamke wa puani hakumpendeza, lakini alimjua.

Kisha akaenda kwa Danson.

"Nataka mtu asiweze kurekodi juu yake."

Danson aliigeuza kaseti, akamwonyesha vijino viwili vya plastiki mgongoni mwake. "Hizi mbili. Ukizivunja, mashine inakataa kurekodi. Inacheza tu." Akampa bisibisi. Mwanamina alivivunja mwenyewe, kimoja, kisha cha pili, vikaruka kama vipande vya kucha.

"Sasa haifutiki?"

Danson alikuwa mtu asiyependa kudanganya. "Kusema ukweli mama, akitaka anaweza. Akiziba hizo tundu na karatasi kidogo, ya kubandika, mashine inakubali."

"Anajua hilo?"

"Hiyo sasa mimi siwezi kujua."

Mwanamina alivitazama vile vitundu viwili, akatazama upande wa posta. Aliitia kaseti ndani ya bahasha, akaandika anwani ya Maskati kwa mkono wake, akavuka barabara akanunua stempu.